Minyaa ya Chini

Gendabi, Jumapili mchana

Vero mwanangu,

Umetoka sasa hivi kwenda kuaga wenzako wa kwaya, na ninavyowajua, mkianza kuaga hamtawanyiki mpaka muimbe. Basi nimepata nafasi. Nimefuta meza, nimewafukuza kuku mlangoni, nimekaa pale pale unapokaa wewe ukisoma, na kalamu yako nimeichukua bila ruhusa.

Sitakuandikia habari za kuchemsha maji wala za chandarua. Wewe ndiye nesi, na hayo unatuhubiria sisi kila siku mpaka baba yako mdogo akikuona anapita njia ya nyuma. Wala sitakuandikia habari za wanaume wa huko Kusini unakokwenda kazini, maana siwajui, na hawa wa huku tu wamenishinda kuwaelewa. Nakuandikia habari za shamba. Usikunje uso. Najua tumeliongelea shamba hilo mpaka ugali ukapoa mezani, lakini tukiongea kwa mdomo wewe unanijibu kama wakili, mimi napandisha sauti, na tunaishia kugombana juu ya jambo ambalo wote wawili tunakubaliana. Kwenye karatasi hutaweza kunikatiza.

Jana ulisema, "Mama, kesho jioni unizungushe mpaka wote, jiwe kwa jiwe, niuweke kwenye simu." Nikakujibu, "Tutaona." Jibu langu liko humu ndani, ila nitalifikia taratibu. Mimi siyo mtu wa kuanzia mwisho.

Unajua nimetoka Masieda. Nilipoolewa hapa nilikuwa mgeni hata wa njia ya kwenda kuteka maji. Bibi yako mzaa baba hakuwa mtu wa maneno. Asubuhi ya kwanza alinipa jembe, akanipeleka chini kabisa ya shamba, akasema, "Utaanzia huku." Nilinuna moyoni. Nilidhani ananitupa pembeni kwa sababu sina ndugu hapa wa kunitetea. Kumbe alinipa pazuri kuliko pote, udongo mweusi unaoshika maji, maharage yanaota hata ukiyadondosha kwa bahati mbaya. Tukalima ukingo ule pamoja msimu kwa msimu. Jembe likigonga jiwe la mpaka, alikuwa anainama, analifuta kwa kiganja, ananitazama, halafu anaendelea. Hakuwahi hata siku moja kuniambia kwamba mpaka ni huu. Nilijikuta tu naujua.

Mawe yalipoanza kufukiwa na udongo unaoteremka na mvua, tukaamua kupanda minyaa juu yake. Mama Safari, mke wa jirani yetu Mzee Bura, alikuwa upande wa pili wa mpaka. Yeye ndiye aliyetukatia vipande kwenye ua wa kwao, tukavichomeka wote watatu, tumejifunga khanga usoni kama wezi kwa kuogopa utomvu usiturukie machoni. Tulicheka siku ile mpaka bibi yako naye akacheka, na kumchekesha bibi yako haikuwa kazi ndogo. Hiyo ndiyo minyaa ya chini. Ile ya juu, hii ya hapa karibu na nyumba, babu yako aliipanda zamani ili ng'ombe wakitoka zizini wasiteremkie mazao. Ya juu ni ya ng'ombe, ya chini ni ya mpaka, katikati ni shamba letu. Mtoto wa darasa la pili angeweza kulichora hilo. Sisi watu wazima limetushinda.

Babu yako alipofariki, Mzee Bura akaanza kusema kwamba mpaka ni minyaa ya juu, na kwamba kipande cha katikati baba yake alimwazima tu babu yako. Mwanzo alisema kwa utani. Baadaye akaleta trekta. Baba yako akaenda kijijini, akaenda kata, mwisho kesi ikafika kwenye baraza la ardhi la wilaya. Huko kote sitakurudisha, unakujua. Nataka kukurudisha kwenye siku moja tu, siku baraza walipokuja kuliona shamba. Wewe ulikuwa bweni. Umeisikia habari hiyo kwa baba yako, na baba yako alikuwa anaisimulia vibaya, kwa sababu alikuwa anajilaumu yeye peke yake.

Tuliambiwa mwenyekiti anakuja na wazee wake wa baraza. Baba yako akaniambia, "Mama Vero, hawa ni wageni. Hawawezi kuja mpaka hapa waondoke na njaa." Sikubisha. Hata ningekuwa peke yangu ningefanya vile vile. Nikachinja jogoo, yule mwekundu aliyekuwa anakukimbiza ukiwa mdogo, nikasonga ugali wa kutosha, nikatoa na maziwa ya mgando. Kwa hiyo watu walipofika shambani kuonyeshana mpaka, mimi niliyeulima mpaka huo kwa mikono yangu nilikuwa jikoni nageuza kuku. Hakuna aliyenifungia humo. Nilijifungia mwenyewe, tena nikiwa na furaha, naonja mchuzi.

Huko nje mvua ilikuwa imenyesha na kuna tope. Mwenyekiti alikuwa na viatu vizuri. Hakuteremka mpaka chini, alisimama hapa hapa kwenye minyaa ya juu. Mzee Bura akanyoosha fimbo yake akasema, "Mpaka wetu ndio huu. Na huyu kijana anaujua, amechunga hapa tangu utoto." Kijana ndiye baba yako, tayari ana mvi. Mwenyekiti akawatazama wote, akauliza, "Kuna mwenye neno?" Baba yako akainamisha kichwa.

Vero, watu wa mjini wakisikia hapo wanadhani baba yako alikuwa mwoga au mjinga. Wewe umezaliwa hapa, unajua. Mzee Bura ni rika la babu yako, tangu ujana wake baba yako alimwamkia shikamoo kwa kofia mkononi. Mtu kama huyo hapingwi akiwa amesimama, mbele ya wageni, fimbo iko hewani. Mnakaa kwanza. Mnanawa, mnakula, ndipo mdogo anasogeza kigoda na kusema kwa sauti ya chini, "Baba, kwa ile minyaa, mimi naona tofauti kidogo." Baba yako alikuwa na maneno yake yote tayari. Alikuwa anasubiri watu wakae wale.

Nikasikia gari linawashwa. Nikatoka mbio mwiko ukiwa mkononi. "Jamani, chakula kiko tayari!" Mwenyekiti akashusha kioo, na kwa kweli alikuwa mpole, akasema, "Asante sana mama. Haturuhusiwi kula kwa wadaawa." Na Mzee Bura, aliyekula kwenye nyumba hii mara ngapi sijui, akasema kwa sauti ya watu wote kusikia, "Walitaka kuwanyamazisha kwa kuku." Gari likaondoka. Baba yako akabaki amesimama kwenye tope, mdomo wazi. Kuku yule tulimla wenyewe, na wajukuu wa Mzee Bura walikuja kama kawaida yao na mmoja wao alikula paja.

Hukumu ilipotoka iliandikwa kwamba baraza lilifika kwenye eneo la mgogoro, mpaka ukaonyeshwa mbele ya pande zote, na hakuna aliyepinga. Basi. Heshima ya baba yako ikageuka kuwa ushahidi dhidi yake. Nikitaka kuwa mkweli, kila neno kwenye sentensi ile lilikuwa sahihi. Walifika, walionyeshwa, hakuna aliyepinga. Na bado ulikuwa uongo mtupu, na ulitunyang'anya shamba.

Baba yako hakupona tena kutoka hapo. Siyo kwamba aliugua siku ile, ila alianza kuongea peke yake akiwa anakamua ng'ombe. Nilikuwa namsikia anasema yale maneno yaliyobaki kooni, "Baba, mimi naona tofauti kidogo," anayarudia kwa sauti mbalimbali. Niliwahi kumfokea aache. Ningejua kwamba nitakuja kuitamani sauti ile, ningemwacha.

Huko kazini utakutana na wakubwa wenye fimbo zao. Daktari atasema dawa ni hii, na wewe utakuwa umeona kwenye cheti kwamba mgonjwa haipatani naye. Utasikia ile inamisha-kichwa ya baba yako inakuja shingoni, maana umeirithi, nimeiona. Mwamkie daktari vizuri, halafu sema pale pale. Usimsubirishie chakula.

Baba yako akakata rufaa, na rufaa ikiwa bado inasubiri, akafariki. Ukoo ukakaa. Wakasema anatakiwa msimamizi wa mirathi, mtu atakayesimama kwenye kesi badala ya marehemu, na baba yako mdogo akauliza, "Nani anasoma Kiingereza cha mahakama?" Wote wakakutazama wewe. Ulikuwa umetoka chuo juzi tu, vyeti vyako bado vinanukia upya. Mimi nilikuwa wa kwanza kunyoosha mkono. Nilisema, "Vero anaweza." Nilijivuna hata. Sikujiuliza kama unataka, wala wewe hukuulizwa. Ukasema, "Sawa, mama," kwa ile sauti yako ya chini, na jina lako likaingia kwenye kesi.

Ilipokuja ile nafasi ya kwanza ya kazi, ya kule Tabora, ukaniambia tarehe zinagongana na mahakama na kwamba utasubiri nyingine. Ukaenda kukaa kwenye duka la dawa pale Katesh, unauza vidonge vya kichwa na diploma yako kabatini. Mimi nilifurahi, Vero. Usiku nilikuwa nasikia unapumua chumba cha pili na nilifurahi. Nilisema moyoni kwamba mtoto anapenda kwao. Nilikuwa naona kabisa kwamba ulikuwa umefungwa, na kwamba kamba ile mimi ndiye niliyeipitisha shingoni, lakini nilifurahi hivyo hivyo.

Halafu ikaja siku ya hukumu ya Mahakama Kuu. Hiyo tulikuwa wote, sina haja ya kukusimulia, ila nataka nikwambie nilichokiona mimi. Jaji alikuwa hajawahi kukanyaga Gendabi. Hajui udongo wetu, hajui minyaa yetu. Lakini alisoma kila kitu upya tangu mwanzo, maneno ya kila shahidi. Akasema baraza lilifika shambani lakini halikuandika nani alionyesha nini, halikuchora ramani, halikumpa upande wa pili nafasi ya kuuliza. Akasema mtu kunyamaza siyo kukubali. Hapo ulinishika mkono. Kisha akataja maneno ya kaka yake Mzee Bura, marehemu yule, aliyekuja kama shahidi wao. Wakili wetu alimuuliza swali moja la kawaida, na yule mzee akajibu bila hila kwamba minyaa ya juu ilipandwa na babu yako kwa ajili ya ng'ombe, na kule chini alikuwa analima bibi yako. Alikwishasema! Maneno yalikuwa yamelala kwenye mwenendo wa kesi tangu siku ile, na baraza likayaruka. Jaji akasema baraza lilikosea kwenye ukweli wenyewe wa mambo, na kwamba kazi ya rufaa ya kwanza ni kuupima ukweli huo tena. Akaurekebisha. Mpaka ni minyaa ya chini.

Mimi nililia kwa sababu nyingine, siyo ile uliyodhani. Nilikuwa nawaza kwamba mtu aliyesimama shambani hakuliona shamba, na mtu aliyekaa mbali akisoma maneno ya mzee mmoja mkweli akaliona. Na baba yako angefungua mdomo wake hata mara moja, jaji angemsikia naye. Mahakama ya juu inaweza kurekebisha kilichosemwa kikaandikwa vibaya. Kile ambacho hakikusemwa inakitafutia wapi?

Pale nje kwenye korido ulikutana uso kwa uso na Mzee Bura. Nilikuona ulivyosita, halafu ukasema, "Shikamoo babu." Naye akaitikia, "Marahaba mjukuu wangu," kwa sauti ile ile ya siku zote. Wakili wake akamvuta pembeni, na kabla hatujafika kwenye geti tukasikia kwamba wanakwenda mbele tena, mahakama ya mwisho kabisa. Nikamwuliza wetu, "Si tumeshinda?" Akasema, "Mmeshinda, mama. Ila huko juu wakikuta ngazi mbili za chini zimekubaliana kuhusu ukweli, kwa kawaida hawaugusi. Zenu hazikukubaliana. Wanaweza kuuangalia tena." Nikamwuliza, "Kwa hiyo tuingie shambani tulime?" Akasema, "Hapana. Utekelezaji umesimamishwa. Asiguse mtu."

Na hapo ndipo tulipo mpaka leo. Tuna hukumu, hatuna shamba. Mzee Bura ana trekta, hana shamba. Tangu kesi ianze kipande kile hakijawahi kupata jembe la mtu anayekipenda. Matuta yamelala. Masika iliyopita, wewe ukiwa dukani Katesh, mvua ile kubwa ilipiga, nikatoka na jembe begani bila kufikiri, miguu ikanipeleka yenyewe. Nikafika kwenye minyaa ya juu nikasimama. Maji yalikuwa yamepata njia katikati ya shamba na yanachimba, udongo mweusi unakwenda, unakwenda. Nikatazama chini, kwenye ile minyaa tuliyopanda, nikamwona Mama Safari naye amesimama na jembe lake begani, amelowa chapachapa.

Akapaza sauti, "Mama Vero, unaona?"

"Naona!"

"Pale kwenye kona tu. Tukiziba pale tu, maji yatarudi njia yake."

"Tukigusa watasema tumevunja amri, mama. Mimi na wewe wote."

Tukasimama, yeye kule na mimi huku, na shamba likichimbika katikati yetu, majembe tunayo, mikono tunayo. Kisha kila mmoja akarudi kwake. Tangu siku ile pana korongo pale, ng'ombe akiteleza hatoki. Hiyo ni hasara yetu na ni hasara yao, na hakuna jaji yeyote atakayeandika kwamba udongo urudi.

Uliwahi kuniuliza kwa hasira kwa nini sijamwomba Mama Safari aje aseme alichokiona, wakati yeye ndiye aliyetukatia minyaa. Nilikujibu vibaya siku ile. Nitakujibu sasa. Mama Safari ndiye aliyekupokea wewe duniani. Barabara ilikuwa imekatika, gari halipiti, akaja na wembe mpya na kitenge chake kizuri, na hicho kitenge ndicho ulichofungiwa. Nimwite leo akasimame mbele ya watu aseme mume wake ni mwongo? Jioni atarudi nyumba ya nani? Huwa tunakutana kisimani, tunaulizana hali, tunanyamaza. Amefungwa kuliko mimi, maana mimi angalau naweza kusema.

Sasa nisikilize, nafika.

Barua yako ya kazi ilipokuja safari hii, uliificha. Niliiona chini ya godoro nilipokuwa nabadilisha shuka, na niliketi kitandani kwako muda mrefu. Ulikuwa unataka kuipitisha kama ile ya Tabora. Ndiyo maana siku ile niliitoa mwenyewe mezani, mbele ya baba yako mdogo, nikasema utakwenda. Ukasema, "Na kesi je? Mimi ndiye msimamizi." Nikasema tutajua la kufanya. Nilikuwa sijui la kufanya, lakini sasa najua.

Nimezungumza na ukoo. Haikuwa rahisi, baba yako mdogo alikubali kwa shingo upande, anasema mwanamke wa Masieda atasimamiaje mali ya hapa. Nikamwambia mwanamke wa Masieda ndiye aliyeilima. Kikao kimekwisha, muhtasari umeandikwa na wamesaini. Kesho tutatoka mapema, kabla ya basi lako tutapita mahakama ya mwanzo pale Katesh. Karani amesema ni lazima ufike mwenyewe, useme kwa kinywa chako mbele ya hakimu kwamba unauachia usimamizi, na kwamba unapendekeza mimi. Mengine watafuata utaratibu wao, na wakili atashughulikia kubadilisha jina huko juu. Najua utakataa. Najua hata maneno utakayotumia, utasema, "Mama, huwezi peke yako." Pengine siwezi. Lakini hiyo kesi ni ya watu walionyamaza na watu waliokuwa jikoni, na wewe ulikuwa bweni unasoma. Nakuomba kesho usiinamishe kichwa, useme.

Siyo kwamba naacha. Usije ukaniona mtakatifu. Mimi na Mzee Bura tutaonana mbele, na kama faili litarudishwa chini waje waone shamba tena, wakili anasema linawezekana hilo, basi watanikuta kwenye minyaa ya chini na viatu vya mvua, nikiwaonyesha jiwe moja moja. Hawatapata hata chai. Wakifa njaa juu yao.

Na sasa ule mzunguko wa mpaka ulioniomba. Nimeuwaza tangu jana. Nilitaka sana, Vero. Nilitaka nikushike mkono nikupitishe pale bibi yako aliponipitisha, niiname nikufutie jiwe. Hakuna kitu kingine nilicho nacho ambacho ni changu mwenyewe cha kukupa. Lakini mtu akishaujua mpaka ule jiwe kwa jiwe ni shahidi. Popote atakapokuwa, Kusini, ng'ambo, wodini na mgonjwa mkononi, kuna siku karatasi itamfuata ikimwita, naye atakuja, kwa sababu nimemlea vizuri. Mimi nikifa watakuja kukuuliza. Nataka uwatazame machoni uwaambie kweli kabisa kwamba hujui mawe yako wapi, hukuwahi kuonyeshwa.

Nimeiweka barua hii juu ya sare zako nyeupe, pale utakapofungua begi kutafuta chaja. Utakuwa umeisoma kabla jua halijazama. Usije kunitafuta kule chini kwenye minyaa na simu yako. Nimechinja jogoo na moto umeshika. Nitakuwa jikoni, mwanangu, na safari hii nimekaa humo kwa kukusudia.

Mama yako,
Yustina